Usiyafyeke Maigoya: Kichaka cha Maua ya Buluu Kina Kazi Shambani Mwako

Na Karani wa Afisi ya Kilimo

Bwana mkulima, nawe Bibi mkulima, kuna kichaka kimoja ambacho umekiona mara nyingi mno hata huenda hukiangalii tena. Kinaota penye mawe, kwenye miteremko mikavu yenye miti michache, na pembeni mwa msitu ambako jua linapenya. Kimo chake ni kama cha mtu mzima, pengine kifupi zaidi. Wakati wake ukifika hutoa maua ya buluu iliyochanganyika na zambarau, yamepangwa juu ya kijiti kilichosimama wima. Wakikuyu hukiita muigoya, na wengi wetu tumezoea kusema maigoya.

Siku ya kufyeka shamba jipya, panga huanza na kichaka hiki, kwa sababu ni laini wala hakina miiba. Jioni kimekwisha kukatwa na kuchomwa pamoja na takataka. Mwaka unaofuata mwenye shamba huyo huyo anatafuta fedha za kununua seng'enge na nguzo za kuonyesha mpaka wake, na mwaka wa tatu anagombana na jirani juu ya mpaka ule ule.

Makala haya yanakuomba jambo moja tu: ukijue kichaka hiki kabla hujakifyeka. Wazee walisema, usitupe mbachao kwa msala upitao. Maigoya ni mbacha wetu.

JINSI YA KUYATAMBUA

Maigoya ni ya jamii moja na mrehani na nanaa. Shika shina changa kati ya vidole vyako. Utaona si la mviringo, lina pembe nne. Hiyo ni alama ya kwanza. Alama ya pili ni majani: yanaota mawili mawili yakielekeana, ni mazito kidogo, yana meno madogo ukingoni, nayo yamefunikwa na vinyweleo laini kama kitambaa cha blanketi. Alama ya tatu ni harufu. Saga jani moja mkononi, na harufu yake kali itakuambia mara moja.

Ua lake nalo lina umbo lake. Mdomo wa chini wa ua umekunjika kama mtumbwi mdogo, na ndani ya mtumbwi huo ndimo unga wa mbegu unamofichwa. Nyuki akitua juu yake, uzito wake unausukuma mdomo chini, na unga unampaka tumboni. Kisha hwenda nao kwenye ua jingine.

Wataalamu wa mimea wamekipa kichaka hiki jina la barbatus, maana yake ni "mwenye ndevu," kwa ajili ya vinyweleo vyake. Jina hilo lilitolewa mwaka 1810. Lakini jina la ukoo limebadilika mara kadhaa: vitabu vingi vinasema Plectranthus barbatus, na tangu mwaka 2019 wataalamu wamerudia jina la Coleus barbatus. Ukikuta majina hayo mawili katika vitabu vya watoto wako usishangae. Mmea ni ule ule.

Si mgeni kwetu. Ni mwenyeji wa Afrika Mashariki, na huota pia Bara Arabu na India. Hapa kwetu huonekana zaidi katika nchi ya juu kiasi, toka mita 1,000 hivi hadi mita 2,000 na zaidi. Hauogopi ukame wa miezi michache, maana majani na mashina yake huweka maji ndani. Unachoogopa ni baridi ile ya alfajiri ambayo umande huganda ukawa barafu. Ukikaa mahali pa namna hiyo, panda kwenye mteremko, si bondeni ambako baridi hutuama.

KAZI YA KWANZA: MPAKA UNAOONEKANA

Mashamba mengi ya makazi yalikatwa kutoka katika mashamba makubwa. Mpango wa Ekari Milioni ulipoanza mwaka 1962, shamba moja kubwa liligawanywa vipande vingi kwa familia nyingi. Seng'enge ya zamani ilizunguka shamba kubwa. Haikupita kati ya kipande na kipande. Mpaka ulikuwa mstari katika ramani, na shambani palikuwa na alama chache tu za wapimaji. Tangu wakati huo watoto wamekua, wamerithi, na wamegawana tena. Kila mgawo huleta mpaka mpya.

Sasa fikiri, ndugu msomaji. Jiwe la mpaka liko pembeni, huku na kule. Kati ya jiwe na jiwe pana hatua mia moja au zaidi za ardhi tupu. Jirani akilima na jembe la ng'ombe, akiingia mfereji mmoja mwaka huu, na mwingine mwaka ujao, nani ataona? Huenda hata yeye mwenyewe haoni. Baada ya miaka kumi mistari ile michache imekuwa vitanda vya mahindi, na watu wawili walioazimana chumvi hawasalimiani tena.

Ua wa maigoya hujaza nafasi hiyo kati ya jiwe na jiwe. Mtoto anauona, mlimaji anauona, hata mgeni anauona. Tena hauna gharama, maana hukatwa kutoka kichaka kilichopo.

Sheria nayo inauheshimu ua. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012 inamtaka kila mwenye ardhi atunze vizuri nyua, mawe, nguzo na alama nyingine za mpaka wake. Tena inasema kwamba kuondoa au kuharibu alama ya mpaka bila idhini ni kosa, na mtu aweza kufungwa jela kwa kosa hilo. Ugomvi ukitokea juu ya mahali mpaka ulipo, Msajili wa Ardhi ndiye anayeutazama kwanza, kabla ya korti.

Lakini shika neno hili vizuri: ua hauumbi mpaka. Ua unaonyesha mpaka uliokwisha kukubaliwa. Ukipanda maigoya usiku mahali usipopaswa, hujapata ardhi, umepata kesi. Vile vile ukitaka kuwagawia wanao shamba, kupanda ua katikati hakutoshi. Shamba la kilimo halikatwi vipande bila idhini ya Bodi ya Udhibiti wa Ardhi, kama ilivyo tangu sheria ya mwaka 1967, na mpimaji na msajili lazima wafanye kazi yao. Ua wa maigoya ufuate karatasi, usitangulie.

NAMNA YA KUPANDA

Kazi yenyewe ni rahisi, lakini ina utaratibu wake. Fanya hivi:

1. Mwite jirani yako kwanza. Tembeeni pamoja kutoka jiwe hadi jiwe, mkiwa na wazee wawili au watatu wa kijiji. Vuteni kamba ikaze, mchomeke vijiti kando yake. Mkikosa kukubaliana, acheni kupanda mpaka shauri likatwe.

2. Ngoja mvua. Mvua ndefu ya Machi na Aprili ni nzuri. Mvua fupi ya Oktoba na Novemba nayo yafaa. Panda mvua inapoanza, si inapokwisha.

3. Kata vipande kutoka kichaka chenye afya. Chagua mashina yaliyokomaa kiasi, si machanga ya kijani kabisa wala makuukuu yaliyo magumu. Urefu wa kila kipande uwe sentimita 30, yaani sawa na rula ya mtoto wa shule. Kata chini kidogo ya kifundo, na mkato uwe wa mshazari.

4. Ondoa majani ya chini, uache machache tu kileleni. Weka vipande kivulini siku moja ili vidonda vikauke. Shina hili lina maji mengi, na likitiwa ardhini mbichi kabisa laweza kuoza.

5. Chomeka nusu ya kipande ardhini, na nusu ibaki juu. Acha sentimita 30 kati ya kipande na kipande. Kanyaga udongo ushikamane. Ukitaka ua mzito, panda mistari miwili, na vipande vya mstari wa pili vielekee nafasi za mstari wa kwanza.

6. Usipande juu ya jiwe la mpaka. Acha nafasi ya mita moja kila upande wa jiwe, palimwe na kusafishwa, ili mpimaji akija alione bila kutafuta.

7. Palilia mwaka wa kwanza. Kisha kata vilele mara mbili kwa mwaka, ili kichaka kitoe matawi chini wala kisianguke kwa uzito. Shina la maigoya ni jepesi kuvunjika. Likiachwa lirefuke sana, upepo utalilaza.

Tufanye hesabu kidogo. Shamba la ekari moja likiwa mraba, kila upande una mita 64 hivi. Pande zote nne ni karibu mita 256. Ukipanda kila sentimita 30, unahitaji vipande 850 hivi kwa mstari mmoja. Hiyo yaonekana ni kazi kubwa, lakini jirani yako ana nusu ya kazi katika kila upande mnaopakana. Tena si lazima umalize mwaka mmoja. Anza na upande wenye maneno, na vichaka vya mwaka huu vitakupa vipande vya mwaka ujao.

KAZI YA PILI: NYUKI

Maua ya maigoya huleta nyuki. Huja nyuki wa asali, na huja pia wale nyuki wakubwa weusi wanaotoboa mbao za nyumba na nguzo kavu. Watu wengi huwaua hao wakubwa kwa kuwa wanavuma kwa kelele. Usiwaue. Mkulima wa matunda ya pasheni ya manjano anawahitaji sana, kwa maana ua la pasheni ya manjano halizai kwa unga wake lenyewe. Ni lazima unga utoke mmea mwingine, na nyuki wakubwa ndio wanaofaa zaidi kwa kazi hiyo.

Mkulima aliyefyeka kila kichaka hadi mpakani huona shamba lake ni safi. Lakini nyuki hawaishi kwa maua ya mahindi peke yake, wala pasheni haichanui mwaka mzima. Wanahitaji chakula cha katikati. Ua wa maua ya buluu ni ghala lao dogo.

KAZI YA TATU: NDIZI NA MENGINEYO

Kina mama wanajua kazi hii kuliko sisi. Ndizi zilizokomaa, zingali za kijani, hupangwa ndani ya chungu, shimo au gunia, zikafunikwa na majani ya maigoya, kisha kufungwa vizuri. Baada ya siku chache huiva kwa pamoja. Ndizi yenyewe hutoa hewa ya kuivisha, na majani yale laini na mazito huizuia hewa hiyo na joto visitoke. Hakuna dawa ya kununua, wala hakuna sumu. Kumbuka tu kwamba ndizi isiyokomaa haitakuwa tamu hata ukiifunika kwa majani ya nchi nzima.

Jambo jingine halisemwi sana katika magazeti, lakini ni kweli. Majani haya laini yametumika chooni tangu zamani za babu zetu, na mpaka leo nyumba nyingi za mashambani zina kichaka kimoja karibu na choo. Ni jambo la akili na la usafi. Ila maji na sabuni ya kunawa mikono viwepo hapo hapo, maana jani halinawishi mtu.

MAMBO AMBAYO MAIGOYA HAYAWEZI

Afisi ya kilimo haifai kumsifu mmea mpaka mkulima adanganyike. Kwa hiyo yasikilize na haya.

Kwanza, maigoya si boma la kuzuia ng'ombe. Kwa kawaida mifugo haiyapendi majani hayo kwa ajili ya harufu yake, na hiyo ndiyo sababu ua wake hauliwi ukaisha. Lakini ng'ombe mwenye njaa aliyeona mahindi upande wa pili atapita katikati kama apitaye katika majani ya mgomba. Kwa mifugo tumia kayaba, mkonge au seng'enge. Watu wengine hupanda lantana kwa kuwa inashikamana haraka. Usiwafuate. Lantana ilitoka Amerika; ina sumu kwa ng'ombe, ndege hueneza mbegu zake, na ikishaingia malishoni kuiondoa ni taabu ya miaka mingi.

Pili, maigoya hayatoshi peke yake kuzuia mmomonyoko. Ua uliopandwa kuvuka mteremko hupunguza mbio za maji na kukamata majani makavu, na hilo ni jema. Lakini tuta la fanya juu lahitaji nyasi zenye mizizi mingi, kama matete ya kulishia ng'ombe. Weka nyasi juu ya tuta, na maigoya mpakani. Kila mmoja na kazi yake.

Tatu, na hili ndilo kubwa, maigoya si hospitali. Ni kweli kwamba watu wa Afrika, India na Brazil hutumia mmea huu kwa maradhi ya tumbo na mengine. Mwaka 2006 mtaalamu wa Chuo Kikuu cha Nairobi, Dkt. Catherine Lukhoba, pamoja na wenzake wa bustani ya mimea ya Kew huko Uingereza, walichapisha maelezo marefu juu ya matumizi ya mimea ya ukoo huu, na maigoya ni miongoni mwa ile inayotumika sana. Ni kweli pia kwamba katika miaka ya 1970 wataalamu wa India walitoa katika mizizi yake dawa iitwayo forskolini, ambayo huugusa moyo na mishipa ya damu.

Lakini hilo ndilo la kukuonya. Kitu chenye nguvu ya kuugusa moyo si maji ya kunywa ovyo. Mtu anayetumia dawa za moyo au za shinikizo la damu asiongeze mizizi hii bila kumwuliza daktari. Mama mjamzito asinywe kabisa. Majaribio yaliyofanywa Brazil kwa panya wenye mimba yalionyesha hasara kwa vijusi. Na mtoto akipatwa na homa, mpeleke kituo cha afya siku ile ile. Malaria haingoji chungu kichemke.

Tena yeyote anayetaka dawa asing'oe mizizi ya ua wa mpaka. Atakuwa ameua kichaka na kuharibu alama kwa mkono mmoja.

NENO JUU YA KUFYEKA

Yawezekana utasema, "Mimi ninalo shamba la kulima, si la kufuga vichaka." Neno lako ni la haki. Hakuna anayekuambia uache msitu katikati ya mahindi. Kata mahali unapolima. Lakini kabla ya kukata, zunguka shamba lako lote mara moja ukiwa na jirani au kijana wako. Kila kichaka cha maigoya kilichoota mpakani, au karibu na mpakani, kifungie kamba au ukanda wa kitambaa, ili wafyekaji wajue kwamba hicho hakiguswi. Vichaka vitano vilivyosalimika vitakupa vipande vya kutosha kuanza ua wa upande mmoja.

Na vile vilivyo katikati ya shamba, ambavyo ni lazima viondoke, usivichome. Vikate vipande, upande mpakani mvua ikiwa imeanza, au uwape majirani wasio navyo.

Jambo moja zaidi. Mmea huu ukiwa nyumbani kwake una adabu. Una wadudu wake, una ukame wake, na hukaa mahali pake. Huko Afrika Kusini ulipelekwa kama pambo la bustani, na sasa aina yake kubwa imewekwa na serikali yao katika orodha ya mimea ya kigeni inayopaswa kuzuiwa. Kwa hiyo ndugu au rafiki wa nchi za mbali akikuomba kipande, usimtumie. Maigoya ni ya hapa, na faida yake iko hapa.

LA KUFANYA SASA

Wakati huu, kabla ya mvua, chukua saa moja utembee mpaka wako. Hesabu mawe ya mpaka uliyo nayo. Kama moja halionekani, usilitafute peke yako kwa jembe. Mwite jirani mlitafute pamoja, na likikosekana mpeleke habari kwa Msajili wa Ardhi. Tazama vichaka vya maua ya buluu viko wapi, uvifungie alama. Kisha zungumza na jirani yako mkiwa bado mnasalimiana, maana mpaka hupandwa vizuri zaidi siku ambayo hakuna aliyekasirika.

Mvua ikinyesha, kamba iwe imevutwa tayari na vipande vimekauka kivulini. Ukihitaji msaada wa kupima nafasi au kuchagua nyasi za tuta, njoo afisi ya kilimo iliyo karibu nawe, umwone afisa wa kilimo. Njoo na jirani yako, na shauri litakwenda upesi.